Uliingiaje? Swali Linalobeba Kesi za Ardhi

Anayekwenda kwenye baraza la ardhi huwa amebeba bahasha. Ndani yake mna karatasi ya mauziano yenye muhuri wa serikali ya mtaa, risiti za kodi ya ardhi, pengine ofa ya kiwanja iliyokunjwa mara nne, na picha ya nyumba aliyoijenga. Upande wa pili amekaa mtu mwingine, naye ana bahasha yake. Kila mmoja anaamini kwamba mwenyekiti akishaziona karatasi hizo, mambo yamekwisha. Kumbe shauri likianza kusikilizwa, mashahidi wote wanaulizwa jambo moja kwa maneno tofauti: huyu aliingiaje katika ardhi hii? Nani alimpa, kwa mamlaka gani, mbele ya nani?

Nimesoma hukumu nyingi za ardhi za Tanzania, za Mahakama Kuu na za Mahakama ya Rufani, na naona kwamba swali hilo la kuingia ndilo uti wa mgongo wake. Miaka ya kukaa, hati, nyumba, minazi na makaburi vyote vinapata uzito au kuupoteza kulingana na jibu lake. Wananchi wengi wanapoteza ardhi yao ya haki kwa kuwa wamejiandaa kujibu swali jingine.

Tuanze na msingi wenyewe. Kwa Sheria ya Ardhi, Na. 4 ya mwaka 1999, na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya mwaka huohuo, zilizoanza kutumika tarehe 1 Mei 2001, ardhi yote ya Tanzania Bara ni ya umma na Rais ndiye mdhamini wake kwa niaba ya wananchi. Tunachokiita umiliki ni haki ya kuikalia ardhi na kuitumia. Haki hiyo inaweza kutolewa na serikali kwa hati yenye muda usiozidi miaka 99, au inaweza kuwa ya kimila, ile ambayo babu aliipata kwa kufyeka pori na ukoo ukaitambua. Sheria ya vijiji inasema wazi kwamba haki ya kimila ina hadhi sawa kabisa na ile ya hati. Kwa hiyo anayekuja barazani akimwambia mwenzake "wewe huna hati, huna kitu" amekosea tangu mwanzo.

Kule kuikalia ardhi tu kuna nguvu yake. Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, inasema kwamba mtu akionekana anakishikilia kitu, anayedai kwamba si chake ndiye mwenye mzigo wa kuthibitisha. Mwenye jembe mkononi anaanza mbele hatua moja. Jirani asiye na haki yoyote hawezi kumfukuza kwa kusema tu kwamba naye huyu hana haki. Lakini hatua hiyo moja inafutika mara mdai anapoleta ushahidi mzito zaidi. Mashauri ya madai hayahitaji uthibitisho usioacha shaka kama kesi ya wizi. Hakimu anapima pande mbili, na uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka 1984 kutoka Tanga, ambao hadi leo mawakili hawaachi kuunukuu, unasema mwenye ushahidi mzito ndiye anayeshinda. Maana yake ni kwamba mahakama haitangazi kwa dunia nzima kuwa ardhi hii ni ya fulani. Inasema kuwa kati ya hawa wawili waliosimama hapa, dai la huyu limeonekana kuwa bora. Kesho anaweza kutokea wa tatu.

Sasa tuchukue mfano ambao mtu yeyote aliyekaa mkoa wa Pwani ataujua. Tuseme mwaka 1994 mzee mmoja wa Mkuranga alimpokea kijana aliyetoka bara kutafuta maisha. Akamwonyesha kipande cha ekari mbili hivi, alime mihogo na kujenga kibanda. Hapakuandikwa kitu, kwa sababu kati ya watu waungwana hapakuwa na haja. Kijana akaoa, kibanda kikawa nyumba ya matofali, mihogo ikafuatwa na mikorosho. Mwaka 2005 mzee akafariki. Lami ikaja, bei ikapanda, na mwaka 2015 watoto wa mzee wakafika na mnunuzi kutoka Dar es Salaam. Yule kijana wa zamani, sasa mwenye mvi, akasema haondoki. Miaka 21 yupo hapa, watoto wake wamezaliwa hapa, na hakuna aliyewahi kumuuliza.

Kwa macho ya wengi, mimi nikiwamo kwa upande wa huruma, mtu huyu amekwisha kuwa mwenyeji. Sheria inamtazama kwa namna nyingine. Alikaribishwa, na mahakama zetu tangu miaka ya 1960 zimeshikilia kwamba mkaribishwa hawezi kumgeuka mwenyeji wake na kuwa mwenye ardhi, hata akikaa muda mrefu kiasi gani. Ruhusa aliyoingia nayo inaendelea kumfuata mwaka hadi mwaka. Sababu yake ni ya busara. Kama kukaa kwa hisani kungezaa umiliki, hakuna mtu ambaye angemkaribisha mgeni tena, na desturi ya kumpa mhitaji mahali pa kulima ingekufa.

Lakini je, ni kweli alikaribishwa? Hapo ndipo shauri linapopiganiwa, na ushahidi wake huwa mdogo mdogo. Jirani anakumbuka kwamba kila msimu yule kijana alikuwa akimpelekea mzee gunia la mihogo, na kupeleka vile ni kukiri kwamba shamba lina mwenyewe. Mwingine anakumbuka kwamba mikorosho ilipopandwa, mzee aligomba. Hilo lina uzito mkubwa. Mwambao wetu umezoea kutenganisha mti na ardhi, mti ukawa wa huyu na udongo wa yule, na mkaribishwa anayepanda miti ya kudumu anajulikana kwamba anajaribu kuvuka mpaka wa ruhusa yake. Kama mzee aligomba, ruhusa ilikuwa ya mihogo tu. Kama alinyamaza, au alisaidia kuchimba mashimo, mahakama itajiuliza kama hakuwa amempa kabisa. Na kama mdaiwa atasema mzee alimgawia moja kwa moja, ataulizwa: mbele ya nani? Zawadi ya ardhi isiyo na shahidi hata mmoja wa ukoo ni ngumu mno kuaminika baada ya mtoaji kufa.

Watoto wa mzee nao wana mtego wao. Wamekuja kama watoto, na kuwa mtoto wa marehemu hakumpi mtu mamlaka ya kudai mali ya marehemu mahakamani. Anayeweza kufungua shauri ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, mara nyingi Mahakama ya Mwanzo, baada ya kikao cha ukoo kumpendekeza. Mashauri mengi ya ardhi hufutwa katika hatua hii kabla mtu hajasema lolote kuhusu shamba. Na msimamizi akishateuliwa bado saa inatembea, tena inatembea tangu zamani. Sheria ya Ukomo wa Mashauri, Sura ya 89, inatoa miaka 12 ya kudai ardhi, na kwa ardhi ambayo marehemu alikuwa anaikalia hadi anakufa, miaka hiyo inahesabiwa tangu siku ya kifo. Familia inayoacha jambo la mirathi likae "mpaka watoto wakue" inaweza kuteua msimamizi mwaka wa 13 na kukuta kwamba kaka mmoja aliyejimilikisha shamba la baba hawezi tena kuguswa na shauri la kulidai. Naiona hii kuwa hatari iliyojificha kuliko zote katika sheria ya ardhi, kwa sababu inawakuta watu waliokuwa wanaheshimu msiba.

Miaka hiyo 12 ndiyo iliyozaa imani iliyoenea mitaani kwamba ukikaa mahali miaka 12 pamekuwa pako. Imani hiyo ina chembe ya ukweli, na chembe hiyo imewaponza wengi. Mwaka 2018 Mahakama ya Rufani, katika shauri kati ya shirika la masista na watu zaidi ya 130 waliodai ardhi kwa kukaa muda mrefu, ilieleza kwa kirefu masharti ya dai la aina hiyo, ikichota pia kutoka uamuzi wa Kenya. Mwenye ardhi awe ameiacha. Anayedai awe ameishikilia kweli, kwa wazi, bila ridhaa ya mwenyewe, na bila haki nyingine yoyote isipokuwa kule kuingia na kukaa kwake. Awe amekusudia kumwondoa mwenyewe na kuifanya yake. Miaka 12 iwe imepita bila kukatizwa. Sharti moja likikosekana, dai linaanguka, na waliodai walishindwa.

Tazama jinsi masharti hayo yanavyorudi kwenye mlango wa kuingilia. Aliyeingia kwa ruhusa hawezi kudai, kwa kuwa ridhaa ilikuwapo. Mpangaji hawezi. Aliyekabidhiwa shamba alilinde hawezi. Na aliyenunua, hata kwa mtu asiye mwenye mali, yuko katika hali ngumu zaidi anapojaribu kushika hoja zote mbili. Akisema "nilinunua" anadai kwamba ardhi ni yake tangu siku ile. Akisema "nimekaa miaka 12 katika ardhi ya mwingine" anakiri kwamba haikuwa yake. Mawakili wasio waangalifu huandika yote mawili katika hati moja ya madai wakidhani wanaongeza nguvu, na upande wa pili unazitumia hoja hizo kuuana zenyewe.

Pamoja na hayo, muda mrefu haudharauliwi. Katika shauri la mwaka 1967 ambalo bado linanukuliwa, Mahakama Kuu ilisema mahakama zinasita kumsumbua mtu aliyekaa katika ardhi na kuiendeleza kwa muda mrefu. Mdaiwa na baba yake walikuwa wamekaa hapo si chini ya miaka 18. Nadhani kanuni hii inaeleweka vibaya. Haimpi mvamizi zawadi. Inazungumzia hali ambapo chanzo cha haki kimepotea katika ukungu wa miaka, mashahidi wamekufa, na anayedai leo alikuwa anapita njia ileile kila siku akiona nyumba inajengwa na migomba inapandwa, naye kimya. Ukimya wa namna hiyo ni ushahidi. Unasema kwamba hata yeye, wakati ule, hakuamini kuwa ardhi ni yake.

Tuje kwenye hati. Mahakama ya Rufani imeweka msimamo kwamba watu wawili wanapogombea ardhi iliyosajiliwa, mwenye hati huchukuliwa kuwa mmiliki halali, isipokuwa ithibitike kwamba hati hiyo haikupatikana kihalali. Wengi husoma nusu ya kwanza ya kanuni hiyo na kulala usingizi. Nusu ya pili ndiyo inayofungua mlango. Kama kiwanja kilipimwa juu ya shamba la mtu mwenye haki ya kimila bila yeye kushirikishwa wala kulipwa fidia, hati iliyotolewa baadaye inabeba kasoro hiyo ndani yake.

Kuna pia janga la kiwanja kimoja kugawiwa watu wawili. Tume ya Rais ya Uchunguzi wa Masuala ya Ardhi, iliyoongozwa na Profesa Issa Shivji mwaka 1991 na 1992, ilikikuta kilio hicho, na hadi leo bado kinasikika. Hapo mahakama inafuata tarehe: aliyetangulia kupata haki ndiye mwenye haki bora, maana alipogawiwa wa pili hapakuwa na kitu cha kugawa. Ili kiwanja kipatikane tena, miliki ya kwanza lazima iwe imefutwa kwa utaratibu, na mwenye mamlaka ya kuifuta ni Rais, baada ya mmiliki kupewa taarifa ya kosa lake. Ofisa wa halmashauri anayeandika ofa ya pili kwa sababu "kiwanja kilikuwa hakijaendelezwa" hana uwezo huo. Anayeumia zaidi ni wa pili, aliyelipa ada zote kwa nia njema na kumaliza akiba yake kwenye msingi wa nyumba. Anabaki kuidai mamlaka iliyompa, na madai hayo huchosha.

Jirani zetu wa Kenya wamelisema hili kwa sauti kubwa zaidi. Mwezi Aprili 2023, katika shauri la Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa, Mahakama ya Juu ilichunguza kiwanja kilichopo ufukweni, eneo la Nyali. Kampuni ilikuwa na hati, tena ilinunua kwa bei. Lakini mahakama iliufuata mzizi hadi mwaka 1989, ardhi ilipogawiwa Rais wa wakati ule, Daniel arap Moi, na ikakuta kwamba palikuwa ni mahali pa wazi pa umma na utaratibu wa kugawa haukufuatwa. Kwa kuwa aliyepewa kwanza hakupata haki halali, hakuwa na cha kumuuzia mwingine, na nia njema ya mnunuzi haikuweza kuziba pengo hilo. Mnunuzi wa leo, Mombasa au Kigamboni, hana budi kuuliza habari za aliyeuza, za aliyemuuzia yule, na za aliyegawa mwanzo kabisa.

Vijijini, mtoaji ndiye anayesahaulika zaidi. Mtu wa mjini anataka ekari 50, anakutana na mwenyekiti wa kijiji na wajumbe wawili watatu, fedha zinapita, muhuri unagongwa. Kwa Sheria ya Ardhi ya Vijiji, halmashauri ya kijiji haiwezi kugawa ardhi bila idhini ya Mkutano Mkuu wa Kijiji, yaani wanakijiji wote wazima waliokutana rasmi. Na mwanakijiji anayemuuzia mtu wa nje haki yake ya kimila anahitaji idhini ya halmashauri ya kijiji. Mahakama ya Rufani imekwisha batilisha mauzo yaliyokosa idhini hiyo. Muhuri wa mwenyekiti unaonyesha kwamba mwenyekiti aliyaona mauziano, basi. Atakapoulizwa barazani ni mkutano gani uliokaa, tarehe ngapi, na muhtasari wake uko wapi, mnunuzi asiye na muhtasari atagundua kwamba bahasha yake ni nyepesi.

Lakini kuna wakati ambapo aliyeingia bila haki ni serikali yenyewe, na hapo swali linakuwa zito kuliko mahali pengine popote. Kati ya mwaka 1970 na 1977, katika Operesheni Vijiji, mamilioni ya watu walihamishwa na mashamba yao yakagawiwa wengine. Baba mmoja na mwanawe kutoka wilaya ya Mbulu walikuwa na ardhi waliyoipata kwa mila mwaka 1943. Walinyang'anywa katika operesheni hiyo. Mwaka 1987 walikwenda Mahakama ya Hakimu Mkazi Arusha, wakashinda, wakarudishiwa. Rufaa ikiwa bado inasubiri, Bunge likapitisha sheria ya mwaka 1992 iliyofuta haki za kimila zilizokuwapo kabla ya operesheni, ikakataza fidia, na ikazuia mahakama kusikiliza mashauri hayo.

Walikwenda kuipinga sheria yenyewe. Mwisho wa mwaka 1994 Jaji Mkuu Francis Nyalali aliandika uamuzi wa Mahakama ya Rufani ambao kila mkulima wa nchi hii anapaswa kuusikia. Haki ya kimila, alisema, ingawa ni haki ya kukaa na kutumia tu, ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, na kuichukua bila fidia ya haki ni kuvunja Katiba. Aliongeza jambo ambalo naliona la thamani kubwa: hata pale ambapo hakuna majengo wala miti, jasho alilolimwaga mtu katika ardhi linastahili kulindwa. Na vifungu vilivyofunga milango ya mahakama vikafutwa.

Uamuzi huo haukumaliza ugomvi, kwa sababu upande wa pili walikuwapo watu pia. Waliogawiwa mashamba katika operesheni hawakuvamia. Waliingia kwa kuambiwa na serikali, wengi wao wakiwa wamebomolewa nyumba zao kwingine. Wewe ungewaondoa? Bunge lilijibu katika sheria ya vijiji ya mwaka 1999 kwa kuthibitisha ugawaji wote uliofanyika vijijini kati ya tarehe 1 Januari 1970 na 31 Desemba 1977, hata ule uliofanyika kinyume cha sheria. Kwa hiyo mjukuu anayekuja leo na kumbukumbu ya shamba la babu lililochukuliwa mwaka 1974 atakuta kwamba aliyepewa analindwa. Naelewa hoja ya utulivu. Mamilioni ya watu hawawezi kuishi wakisubiri kuhamishwa mara ya pili. Bado naona kwamba waliopoteza walilipishwa gharama ya kosa ambalo halikuwa lao, na kutaja utulivu hakufuti hesabu hiyo.

Mila nazo zimewahi kuulizwa swali lilelile. Mwaka 1990, Mwanza, Jaji James Mwalusanya alisikiliza shauri la mwanamke wa Kihaya aliyerithi shamba la ukoo kwa wosia wa baba yake, kisha akaliuza. Mpwa wake wa ukoo alidai mauzo ni batili kwa kuwa mila ilimruhusu mwanamke kutumia tu, si kuuza. Jaji alikataa kuitumia kanuni hiyo kwa kuwa ilikuwa inambagua kwa jinsia kinyume cha Katiba na mikataba ambayo Tanzania imeridhia. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 ilikuja kuliandika wazi: haki ya mwanamke kupata, kumiliki, kutumia na kuuza ardhi ni sawa na ya mwanamume. Barazani, mwanamke anayesema "niliachiwa na baba" ameeleza njia halali ya kuingia.

Njia ya mahakama yenyewe ina ngazi. Chini kabisa ni Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe 7 ambao 3 ni wanawake, na kazi yake ni kupatanisha. Baraza la Kata lilikuwa na mamlaka ya kuamua, lakini tangu mabadiliko ya mwaka 2021 nalo limebaki na usuluhishi. Anayetaka kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya apitie kwanza kata, na kata ikishindwa kusuluhisha ndani ya siku 30 anaweza kuendelea mbele. Baraza la wilaya husikiliza madai ya kurudishiwa ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300, na zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu. Asiyeridhika ana siku 45 za kukata rufaa kutoka wilaya kwenda Mahakama Kuu. Mabadiliko mengine ya mwaka huohuo wa 2021 yalikifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, na kwa mkulima kusomewa kwa lugha yake kwa nini ameshindwa ni haki ya msingi iliyochelewa mno.

Kosa la utaratibu linaweza kuua shauri zuri. Kwa miaka mingi mwenyekiti wa baraza la wilaya alikuwa akikaa na wazee wa baraza wawili, na maoni yao yalitakiwa yasomwe mbele ya wadaawa kabla ya hukumu. Pale yaliposahaulika, Mahakama ya Rufani ilifuta mwenendo mzima, na watu waliokuwa wamehangaika miaka minane wakaambiwa waanze upya. Uchungu wa hilo haupimiki kwa sheria.

Hatua ninayoipenda kuliko zote ni ile ya mahakama kwenda shambani. Mashahidi wanaweza kudanganya kuhusu maneno yaliyosemwa mwaka 1994, lakini masale ya Kilimanjaro yaliyopandwa mpakani, mstari wa minyaa, kisima kilichojengewa, makaburi yenye majina ya ukoo, umri wa minazi, hivyo haviwezi kupangwa asubuhi ya siku ya kesi. Hata hivyo kwenda huko si matembezi. Uamuzi wa mwaka 1980 uliweka masharti: iwe kwa nadra, kunapokuwa na sababu ya pekee, pande zote ziwepo pamoja na mashahidi wanaohitajika, yanayoonekana yaandikwe, na wakirudi barazani maandishi hayo yasomwe ili kila upande useme kama yako sahihi. Hakimu anayekwenda peke yake, au anayekunywa madafu kwa mdaiwa akirudi, amejigeuza shahidi.

Wakati haya yote yakiendelea, ardhi inahitaji kulindwa isiuzwe wala kujengwa. Hapo huombwa zuio, na kipimo chake, kilichotokana na shauri la mwaka 1969, ni kwamba pawe na hoja nzito ya kuamuliwa, pawe na hatari ya hasara isiyofidika, na usumbufu wa kutozuia uwe mkubwa kuliko wa kuzuia. Anayesubiri mpaka ghorofa ya kwanza imwagwe zege ndipo aombe zuio huwa amekwisha dhoofisha hoja yake mwenyewe.

Mwisho ni kukazia hukumu, na hapa wengi walioshinda hukwama kwa kosa walilolifanya siku ya kwanza kabisa. Kanuni za mwenendo wa madai zinataka ardhi inayogombewa ielezwe katika hati ya madai kwa namna ya kuitambua: namba ya kiwanja na kitalu kama imepimwa, na kama haijapimwa, kijiji, kitongoji, ukubwa, na majirani wa kaskazini, kusini, mashariki na magharibi. Hukumu inafuata maelezo hayo. Dalali wa mahakama akifika na karatasi inayosema "shamba la ekari 3 lililopo kijijini" na kukuta mashamba manne ya ekari tatu tatu yakipakana, hana pa kuanzia. Akibomoa kosa, atashtakiwa na jirani ambaye hakuwahi kuitwa mahakamani. Sheria inampa mshindi miaka 12 ya kukazia hukumu, lakini hukumu isiyoonyesha mipaka itamrudisha barazani kwa shauri jipya, na safari hii majirani wote wanne watakuwa wadaiwa.